Hakumsumbua Mtu Yeyote

Tarehe 9 Januari

Dada yangu mpendwa,

Naomba barua hii ikukute mzima, wewe na shemeji pamoja na goti lake. Mimi sijambo, ila macho yananidai miwani mipya kila mwaka. Huku baridi imekaza. Ofisini tunavaa makoti hadi mezani, na karani wangu wa masijala anapiga chafya mpaka karatasi zinahama faili. Wasalimie wapwa zangu wote, hata yule aliyesema mjomba wake anamjua kwa picha tu. Ana haki.

Ningekupigia simu, lakini najua tangu msiba wa baba husikilizi mambo mazito kwa simu. Kwa hiyo naandika.

Mwisho wa Septemba nastaafu. Miaka thelathini na mmoja, vituo saba, na nimefika mwisho wa ngazi nikiwa balozi. Muda wote huo nimeishi katika nyumba ambazo kila kiti kina namba ya serikali chini yake. Nimechoka kukalia namba, dada. Nataka kurudi nyumbani kwetu kama utanikubalia. Nyumba baba alikuachia wewe, na juu ya hilo sina neno. Ninachoomba ni kile chumba cha mbele alichokuwa akifanyia useremala. Nitakipaka rangi mwenyewe. Sitakuwa mzigo.

Nasubiri kauli yako.

Mdogo wako,
Kitindamimba


Tarehe 2 Februari

Mheshimiwa Kitindamimba,

Sisi wazima, tunasukuma siku. Goti la shemeji yako sasa lina maoni yake kuhusu kila jambo, likikataa, hatutoki. Mimi zahanati ilinistaafisha mwaka wa tatu huu, lakini bado naitwa kuzalisha. Mtoto akitaka kutoka haulizi mkunga amestaafu lini. Wifi yangu hajambo? Katika barua yako hakuna hata kivuli chake. Mwaka jana pia nilimsalimia, salamu zikapotelea hewani.

Kuhusu chumba, nilicheka kwanza, kisha nikalia. Umeomba kama mtu anayeomba kibali cha kuingia nchini! Ulitaka nikugongee muhuri? Chumba kipo, kimejaa mbao za baba mpaka leo. Unakumbuka alivyokuwa akisema juu yako? “Mwanangu ameajiriwa kutabasamu.” Na yeye alivyokuwa mgomvi, Mungu amrehemu. Aligombana na wateja, akagombana na mwenye duka la misumari, akagombana hata na mti wa jirani kwa sababu ulimwangushia majani.

Nikwambie jambo ambalo sijawahi kukwambia. Siku ya mazishi niliisoma barua yako ya rambirambi mbele ya watu, ile uliyotuma kwa faksi ya posta. Nilipofika pale ulipoandika, “Aliishi kwa heshima na hakumsumbua mtu yeyote,” watu walitazamana. Mwenye duka la misumari alicheka hadi akatoa leso, halafu leso ikawa ya machozi kweli. Mimi nikasema moyoni, mdogo wangu amemsamehe baba. Kwa sentensi ile nami nikakusamehe kwa kutokuja. Barua ninayo katika sanduku la nguo, na yote naijua bila kuitazama.

Jirani wa mlango wa pili anakusalimu. Binti yake, niliyempokea kwa mikono hii, yuko huko huko uliko, anafua mashuka ya hoteli kiwandani. Mama hajapata simu yake tangu mwezi wa kumi na mbili na hali wala halali. Mwulizie. Ukimfanyia yeye umenifanyia mimi.

Njoo, mdogo wangu. Hatuna mlinzi wala bendera, lakini nafasi tunayo.

Dada yako


Tarehe 24 Februari

Dada yangu mpendwa,

Barua yako nimeisoma nikiwa nimesimama, na koti sijavua. Ahsante. Sina neno kubwa zaidi ya hilo, na mimi ni mtu wa maneno makubwa.

Usihangaike na mbao, nitazitoa mwenyewe. Kama unaweza, mwambie shemeji apime dirisha, kwani nimeona kitambaa kizuri cha pazia. Meza yangu ya kuandikia ni ya serikali, itabaki hapa. Vitabu vyangu vinajaa makasha tisa. Je, ukuta wa upande wa jikoni bado unavuja?

Sikujua kama barua ile uliitunza. Wala sikujua kama uliisoma mbele ya watu.

Suala la binti wa jirani nimelipokea na linafanyiwa kazi.

Nawasalimu wote,
Kitindamimba


Tarehe 28 Aprili

Dada,

Miezi miwili inakwisha na sijapata neno lako. Nimeuliza posta, wanasema hakuna kilichokwama. Kama ni goti la shemeji, nieleze. Kama ni jambo jingine, nieleze pia. Vipimo vya dirisha havina haraka.

Hapa nimeanza kuaga. Kila wiki balozi mmoja ananiandalia chakula cha mchana na kunipa sahani ya shaba yenye nembo ya nchi yake. Ninazo sahani kumi na nne na hakuna hata moja inayofaa kulia chakula.

Nasubiri, na sasa nasubiri vibaya.

Mdogo wako


Tarehe 15 Mei

Ndugu yangu,

Salamu utanisamehe, leo sina. Sisi wazima, hilo linatosha.

Tarehe ishirini Machi jirani alikuja na bahasha yenye nembo. Ameishika kwa vidole viwili tu, asije akaichafua. Kusoma hajui, unakumbuka. Akasema, “Mama mkunga, nisomee, labda mwanangu amepata cheo.” Nikafungua nikiwa nimesimama mlangoni, na sahihi niliyoiona kwanza ilikuwa yako.

Binti amekufa. Tarehe tatu Machi, kifua. Wewe unajua, wewe ndiye uliyemwandikia.

Nikamkalisha nikamsomea. “Kwa huzuni kubwa tunaungana nanyi katika msiba wa binti yenu. Aliishi kwa heshima na hakumsumbua mtu yeyote. Ameacha pengo ambalo maneno yetu hayatoshi kuliziba.” Nilisoma bila kusita hata mara moja, kwa sababu kuanzia mstari wa pili sikuwa nasoma. Nilikuwa naikariri. Yule mama alilia akanishukuru kwa kuwa na ndugu mwenye moyo.

Alipoondoka nikafungua sanduku. Nimeziweka barua mbili kitandani, moja kando ya nyingine. Ni ileile, mpaka mkato. Penye “binti yenu” pana “baba yetu”, na kwisha.

Kila Jumapili ananiletea ile karatasi nimsomee tena. Kila Jumapili namsomea. Nimezalisha watoto elfu na zaidi, nimewapa akina mama habari mbaya nikiwatazama machoni, lakini hii inanishinda. Nakuuliza jambo moja tu, na usinijibu kiofisi. Ipi ilitangulia? Ulichukua barua ya baba ukaipeleka ofisini, au ulichukua barua ya ofisi ukampelekea baba?

Habari ya chumba tuiache kwanza.

Dada yako


Tarehe 5 Juni

Dada yangu mpendwa,

Nimeumia na najua wewe umeumia zaidi. Nifikishie pole zangu kwa jirani.

Jibu langu ni hili. Ya baba ilitangulia. Niliiandika peke yangu, kwa machozi, na ilikuwa barua bora kuliko zote nilizowahi kuandika. Miezi kadhaa baadaye raia wetu mmoja alifia kituoni pale, na mimi nikakosa maneno kwa ajili ya familia yake. Nikaazima yale ya baba. Makarani wakaona ni mazuri wakayaweka kwenye faili, na faili likanifuata kila nilikohamia. Nilikosea kuyaachia yatumike hivyo. Lakini chimbuko lake ni msiba wetu, na sentensi ile uliyoitunza ni yetu.

Natumaini maelezo haya yataondoa dhana iliyojitokeza.

Kwa heshima na upendo,
Kitindamimba


Tarehe 27 Juni

Mdogo wangu,

Wote hatujambo. Mpwa wako mkubwa amepata mtoto wa kike, kilo tatu na robo, na mdomo wake ni wa baba kabisa. Amelia tangu alipotoka na hataki kusikia la mtu.

Nimekusoma. “Dhana iliyojitokeza”! Lakini nataka kukuamini, na mtu anayetaka kuamini haombi ushahidi mwingi. Basi iwe hivyo, ya baba ilitangulia. Shemeji yako amepima dirisha, vipimo viko nyuma ya karatasi hii. Mbao nimezihamishia uani.

Lakini kama uliwahi kutoa maneno yale moyoni mara moja, huwezi kushindwa kutoa mengine. Huyu mama hana kitu cha mwanawe ila karatasi yako na mkoba wa nguo uliorudi na jeneza. Ananiuliza mimi, nami nakuuliza wewe. Alikuwa akilala wapi? Alikuwa na rafiki? Aliugua kwa muda gani, na nani alikaa naye? Utotoni alikuwa akiimba huku akipotea njia ya wimbo, je, aliacha? Nenda ukaulize. Usimtume karani. Nenda kwa miguu yako, kisha umwandikie mama yake barua ambayo haiwezi kupelekwa kwa mtu mwingine yeyote duniani.

Hilo ndilo sharti langu la chumba. Sina jingine.

Dada yako


Tarehe 11 Agosti

Dada,

Hongereni kwa mtoto. Nimeanza barua hii mara nyingi, kila mara inajigeuza ripoti. Nitaandika inavyokuja.

Nilikwenda kiwandani bila dereva. Ni jengo refu nyuma ya ghala la mitungi ya gesi. Ndani mna mvuke, miwani ikaziba nikasimama kama kipofu. Wanawake wanakunja mashuka wawili wawili, wanasogeleana, wanaachana, siku nzima. Aliyekuwa akikunja na binti ni mwanamke mfupi mwenye kovu la pasi mkononi. Ndiye aliyenieleza.

Walilala wanane chumba kimoja, juu ya stoo ya sabuni. Hakuacha kuimba, wala hakuacha kupotea njia. Alikuwa mbishi, dada. Aligombana na msimamizi kwa sababu mlango wa chumba cha kukaushia ulikuwa ukifungwa kwa nje. Alianza kukohoa Novemba. Alitaka kurudi nyumbani, lakini pasipoti ilikuwa kwenye droo ya mwajiri. Huyu mwenzake akaniambia, “Alikuja kwenu mara mbili. Mara ya pili alirudi na furaha, akatusimulia kwamba amekutana na balozi mwenyewe, mtu wa kwao.”

Nikarudi ofisini nikafungua kitabu cha wageni. Yumo. Tarehe kumi na nne Desemba na tarehe ishirini na moja Januari. Penye shida pameandikwa: pasipoti. Penye hatua iliyochukuliwa: alete barua ya mwajiri. Yaani tulimtuma akaombe barua kwa mtu yuleyule aliyemfungia pasipoti.

Na nilimkumbuka. Nilikuwa natoka kwenda kwenye hafla. Aliinuka kutoka kwenye benchi la wageni, akanisalimia kwa lugha yetu, akasema, “Mimi ni mtoto wa mlango wa pili na kwenu. Dada yako ndiye aliyenipokea.” Nilimshika mkono kwa mikono yangu yote miwili. Nikatabasamu, baba alikuwa sahihi. Nikasema, “Karibu sana, hapa ni nyumbani, karani atakusaidia.” Nilikuwa nimechelewa dakika saba.

Barua yako ya Februari iliponifikia alikuwa bado hai, wadi ya kifua, vituo vinne vya basi kutoka mezani kwangu. Maneno “mlango wa pili” hayakunigutusha. Niliandika pembeni “ifuatiliwe”, nikampa karani. Ilifuatiliwa tarehe tano Machi. Karani akaniletea barua kutoka kwenye faili, nikatia sahihi pamoja na nyingine kumi na moja siku hiyo.

Sasa lile ulilouliza. Nilikudanganya. Barua ya baba haikutangulia. Niliikuta ndani ya faili katika kituo kile, sijui hata aliyeitunga. Uliponipigia simu kwamba baba ananiita, nilikwambia nimenyimwa ruhusa. Sikunyimwa, dada. Sikuomba. Kulikuwa na dhifa ya waziri mgeni na mimi ndiye mpangaji wa viti, nani awe kulia kwa nani, nani asikaribiane na nani. Niliogopa kwamba mtu mwingine akipanga atakosea. La, nilichoogopa zaidi ni kwamba hatakosea, na wataona hawanihitaji. Habari za kifo zilinikuta na kadi za majina mkononi. Nikavuta faili, nikabadilisha maneno mawili, nikarudi kwenye kadi. Ile sentensi haikuwa msamaha. Sikuisoma. Mara ya kwanza kuiona kwa macho yangu ni wewe uliponinukulia mwezi wa pili, na wakati huo ulikuwa umeshanipa chumba, nikanyamaza nisije nikakikosa.

Na wifi yako aliondoka miaka miwili iliyopita. Yuko kwa binti yetu. Alisema kila akiongea nami anajibiwa kwa niaba ya mtu mwingine.

Barua ya mama yake nimejaribu. Nikiandika kwamba aliimba, lazima niandike kwamba aliomba msaada. Nikiacha hilo, ninakuwa nimetoa faili jingine. Chumba sikidai tena. Sijui umwambie au usimwambie. Maisha yangu yote nilikuwa mtu wa kuleta mapendekezo matatu kwenye karatasi moja, na leo sina hata moja.

Mdogo wako


Tarehe 2 Septemba

Mdogo wangu,

Nimekaa na barua yako siku tisa kabla ya kushika kalamu. Shemeji yako aliniuliza kuna nini, nikamwambia ni mambo ya goti. Akanitazama. Goti ni lake.

Nimemlilia baba upya. Miaka kumi na moja nimekusamehe kwa sentensi ya mtu nisiyemjua! Nimekukasirikia hivi kwamba nilitoa ile faksi kwenye sanduku niichane, kisha nikaikunja nikairudisha. Na yule mtoto. Alipozaliwa kamba ya kitovu ilikuwa shingoni, nikaitoa kwa kidole hiki, akalia, nikasema huyu ataishi. Akafika mpaka benchi lako. Siwezi kulizunguka hilo, nawe usijaribu kulizunguka.

Lakini nitasema na hili kwa sababu nalo ni kweli. Barua zako zote ninazo, na hii ya Agosti ndiyo ya kwanza uliyoniandikia mimi.

Chumba ni chako. Sikupi kwa kuwa nimekusamehe, bado sijafika huko. Nakupa kwa kuwa ni kwenu. Ila hutaingia moja kwa moja. Ukishuka kwenye gari, mzigo uuache barabarani, shemeji yako atauangalia. Utapita mlango wetu uende wa pili, ukae chini, na umwambie mama yule kila kitu kama ulivyoniambia mimi, kwa mdomo, ukimtazama. Kuhusu benchi pia. Akikufukuza, utafukuzika. Barua usimwandikie. Za kwako ameshapata za kutosha.

Jumapili alikuja na karatasi yake nikashindwa. Nikamwambia miwani yangu imevunjika, Mungu anisamehe. Halafu nikamwambia kwamba ndugu yangu anakuja mwezi ujao, na atafikia kwake kabla hajafika kwetu, kwa sababu ana habari za mwanawe. Zaidi ya hapo sikutia neno.

Tangu siku hiyo huyu mama haketi. Amepaka chokaa ukuta wa mbele. Ameazima viti vyangu viwili vizuri, na kila anayepita njiani anaitwa aambiwe. Anasema mtu mkubwa namna hiyo hawezi kusafiri njia yote ile kuja kumweleza mama habari za mtoto asiyemjua. Jana amenishika mkono akaniuliza, “Si ndiyo, mama mkunga? Lazima walizoeana. Lazima alimtunza.”

Jibu hilo nimekuachia wewe.

Dada yako